Chama Gani Kilishiriki Kura ya Kipande?

Vijana wangu,

Mlinikuta napalilia mihogo nyuma ya nyumba, mkapewa benchi, mkaniuliza swali ambalo sikulijibu vizuri kwa sababu jua lilikuwa kali na akili yangu ilikuwa kwenye magugu. Mlisema kwamba hotelini kwenu hapa Mikumi wafanyakazi wataitwa kupiga kura kuhusu zamu, na kwamba katibu wa chama chenu cha wafanyakazi amedai chama kiwepo. Meneja akacheka, akauliza chama chenyewe kina kura ngapi. Na ninyi, nilivyowaona usoni, mlikuwa mmekubali kwamba meneja ana hoja.

Hoja anayo. Chama hakina kura hata moja. Kura ni ya mtu na kazi yake. Lakini kabla ya kura kuna swali, na swali lina mwenye kulitunga. Kuna anayeitwa na anayeachwa. Baada ya kura kuna kuhesabu. Huko kote ndiko chama kinakotakiwa kuwa na macho. Sheria ya siku hizi mtaisoma wenyewe. Imebadilika mara nyingi tangu nistaafu, na sitaki kuwadanganya. Ninachoweza kuwapa ni jinsi tulivyoitafuta haki hiyo kwenye shamba la mkonge nje kidogo ya Kilosa, wakati nikiwa karani wa shambani na katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi, na nywele zangu zikiwa nyeusi zote.

Nianze na kipande, maana ninyi mmezaliwa kazi ikipimwa kwa saa. Mkataji wa mkonge alipewa kazi yake ya siku: akate majani, ayafunge mafungu, ayapange kando ya reli ndogo ya troli. Hicho ndicho kipande chake. Akikimaliza, siku yake imekwisha, hata kama jua halijafika utosini. Hodari alianza umande ukiwa bado kwenye miiba, na watu wakienda kunywa chai alikuwa anafuta kisu. Mgonjwa au mvivu alibaki mpaka vivuli vinarefuka. Mimi nilipita nyuma yao nikihesabu mafungu na kuyabonyeza kwa goti, kwa sababu wapo waliojua kufunga fungu likaonekana nene kumbe katikati ni upepo mtupu.

Pius Mgaya, jirani yangu wa ukuta mmoja kambini, alikuwa hodari kuliko wote. Wazazi wake walitoka Njombe kwa mkataba wa kazi, wakabaki, wakazikwa hapa. Kijiji hakuwa nacho, ila alikuwa na jaruba la mpunga upande wa Masanze, alilopewa na wenyeji baada ya kuomba misimu mingi. Kisu kikishafutwa, Pius huyo, jembe begani. Aliwahi kuniambia kwamba katika nchi nzima jaruba lile ndilo kitu pekee ambacho mtu akiuliza ni cha nani, anaweza kujibu changu. Kipande ndicho kilichompa muda wa kwenda kulilima. Mkilielewa hilo, mengine yote yatafuata.

Shamba lilipofanywa mali ya umma, bwana wa zamani aliondoka na mbwa wake, tukaletewa meneja Mtanzania, kijana, msomi. Wengi wakisimulia habari kama hizi humfanya meneja kuwa mtu mbaya. Huyu hakuwa mbaya. Aliwaamkia wazee wote shikamoo, hata wale waliokuwa chini yake kabisa kikazi, na wazee wakaitikia marahaba huku wakitazamana. Tatizo lake lilikuwa korona, ile mashine kubwa ya kuchuna majani yabaki singa, yaani nyuzi zake. Kwa sababu ya kipande, majani yalimiminika asubuhi kama mafuriko ya mto Mkondoa, halafu mchana mashine ikakaa na njaa, na yaliyorundikana yakaanza kukauka kabla hayajachunwa. Meneja alitaka kila mtu afanye kazi kwa saa, kuanzia saa moja asubuhi mpaka saa tisa alasiri, majani yaje polepole siku nzima. Mimi niliyehesabu mafungu nilijua kwamba anachosema kina ukweli. Nilijua pia kwamba saa tisa ikilia, Pius atakuwa na mwendo wa kwenda Masanze na kurudi, na katikati hakutabaki mwanga wa kulimia.

Meneja hakuweza kuamua peke yake. Kulikuwa na mkataba wa hiari kati ya shamba na chama cha wafanyakazi, uliokwisha kusajiliwa kwenye baraza la kazi, na mkataba ukishasajiliwa unakuwa na nguvu ya sheria. Ulisema kwamba mabadiliko makubwa ya namna ya kufanya kazi yatapelekwa kwa wafanyakazi wayapigie kura, na kwamba chama kitashiriki katika kura hiyo.

Sasa hapa nawaomba msicheke haraka. Siku zile ukisema chama bila kuongeza neno lingine, hakuna aliyeuliza ni chama gani. Chama nchini kilikuwa kimoja. Chama kimesema, Chama kimeamua, mgeni wa Chama anashuka na treni, tokeni mkampokee. Sisi wa chama cha wafanyakazi tulijiita chama tukiwa wenyewe kwa wenyewe tu, kama watoto wa nyumba moja wanavyosema baba bila kutaja jina. Meneja aliposoma kwamba chama kitashiriki, akafanya kile ambacho mtu yeyote mwangalifu wa wakati ule angefanya: alimwita mwenyekiti wa tawi la Chama wa pale kijijini, Mzee Chilongola.

Mzee Chilongola alikuja amevaa shati lake la kola ya Kichina, akafungua shughuli kwa maneno mazuri kuhusu kujitegemea, akakaa kwenye kiti cha mkono, akaletewa soda. Wakataji na wafanyakazi wa kudumu walipanga foleni. Kwa kuwa wengi hawakujua kusoma, ofisi ilichora picha, kama tulivyozoea kwenye uchaguzi: picha ya kisu cha mkonge kwa wanaotaka kipande, picha ya saa ya ukutani kwa wanaotaka saa. Sisi viongozi wa tawi tulipata habari asubuhi ileile na wenzetu, tukapanga foleni na wenzetu. Kisu kilishinda kwa mbali. Wakataji walirudi kambini wakiimba, na Pius alipita mlangoni kwangu akicheza kama bwana harusi.

Mimi nami nilifurahi. Nilikwenda kumpasha habari mwenyekiti wetu wa tawi, Mzee Kibwana, fundi wa korona, Msagara wa palepale, ambaye alipiga kura haraka akarudi kwenye mashine. Lazima niwaambie jambo moja kumhusu. Mngurumo wa korona ulikuwa umemla masikio, kwa hiyo kila alichoambiwa alisema, "Rudia." Mwanzoni nilimhurumia. Baadaye nikagundua kwamba mtu akisema jambo mara ya pili hulisema tofauti kidogo, na mara nyingi ile ya pili ndiyo yenye ukweli. Sijui kama Mzee Kibwana alikuwa kiziwi kiasi kile alichotuonyesha.

Nikamwambia tumeshinda.

"Rudia."

"Tumeshinda, mzee. Kipande kinabaki."

Hakushangilia. Aliuliza nani ametunga swali. Nikasema ofisi. Nani amechora picha? Karani wa ofisi. Je, kina mama wa uwanja wa kuanikia na wa chumba cha kupigia singa brashi wameitwa? Nikasema hawakuitwa, kwa sababu ni vibarua wa kutwa. Akapaka grisi mahali ambapo hapakuhitaji grisi.

"Basi sisi tulishiriki wapi?" akasema.

Nikamjibu kwamba tumeshinda bila kushiriki, na hiyo ni nafuu zaidi. Akafuta mikono. "Rajabu, leo umelishwa kitu kitamu na mtu aliyekufumba macho. Kesho atakulisha kingine, macho bado yamefumbwa. Nenda kaulize watu walichagua nini. Usibishane nao. Uliza tu."

Kazi hiyo niliipenda kuliko kuhesabu mafungu. Nilizunguka kambi nzima nikiuliza kama mtu anayepitisha muda. Mmoja alisema alichagua kisu kwa sababu kisu ni chake, amekinunua, na saa hana. Wa pili aliogopa kwamba atakayechagua saa atanyang'anywa kisu na kupelekwa kufagia ofisi. Mwingine, na huyu alikuwa mtu mzima mwenye wake wawili, alisema alichagua picha ya saa akitumaini atapewa saa, na alikuwa bado anaisubiri. Wapo waliojua wanachofanya, Pius akiwa wa kwanza. Lakini wengine walipigia picha kura, hawakupigia kazi.

Halafu nikaenda uwanja wa kuanikia. Pale kina mama walitandaza singa mbichi kwenye nyaya, wakazigeuza, wakazikusanya zikikauka. Kiongozi wao alikuwa Bi Zainabu, mwenyeji wa Masanze, mjane mwenye ulimi uliojulikana mpaka stesheni ya Kilosa. Nilimuuliza anaonaje ushindi wa kipande.

"Ushindi wa nani?" akasema. "Mwanamume anamaliza kipande chake anaondoka. Majani yake yakishachunwa yananijia mimi yote kwa pamoja mchana. Nitaanika mpaka magharibi, na nikifika nyumbani chungu kinanitazama mimi nakitazama. Ingekuwa saa tisa naambiwa nenda, ningekwenda. Lakini sisi nani katuuliza? Sisi ni nguo za kuanikwa."

Ndipo nilipoelewa kilichomfanya Mzee Kibwana apake grisi ovyo. Nikaelewa pia kwamba tukidai kura irudiwe, Pius anaweza kupoteza jaruba.

Tawi lilikutana. Haikuwa rahisi, maana nusu ya kamati walikuwa wakataji. Mzee Kibwana alisema kwamba haki ya kushiriki haiangalii nani ameshinda. Ukiidai siku unayoshindwa tu, watu watajua ulikuwa huitaki haki, ulikuwa unataka ushindi. Tukakubaliana kudai. Habari ilifika kambini kabla yetu. Nilimkuta Pius kwenye kibanda cha chai, na watu walikuwa wengi.

"Bwana Karani," akasema, bila kunikaribisha, "nimesikia chama changu kinanishitaki kwa kosa la kushinda."

Nilijaribu kumweleza habari za kina mama. Akasema kina mama wana wanaume zao wa kuwasemea. Nikamwambia Bi Zainabu ni mjane. Akasema polepole kwamba mimi nina mshahara wa mwezi na kalamu sikioni, sijui maana ya jaruba. Na ni kweli, jaruba sikuwa nalo. Ukuta wetu ulikuwa mwembamba kiasi kwamba kila siku tulisikiana tukikohoa, lakini tangu jioni ile hakuniitikia hata salamu.

Ofisini hali ilikuwa ya kutembea juu ya mayai. Mtu akisema kwamba Chama hakikustahili kuwa pale, maneno hayo yangeweza kutembea mpaka wilayani yakafika yamevaa nguo nyingine. Afisa Kazi alikuja kutoka mjini Kilosa, mtu mnene aliyependa kufuata utaratibu. Meneja alisema kwa adabu kabisa kwamba mkataba umetaka chama kishiriki, na chama kilishiriki: Mzee Chilongola alikuwepo tangu kufunguliwa mpaka kufungwa.

Mzee Kibwana akasema, "Rudia, mwanangu."

Meneja akarudia, "Nilisoma chama. Sikufikiri kama kuna kingine."

Mzee Kibwana akasema, "Hatusemi Chama kisiwepo. Mzee Chilongola ni ndugu yetu, na soda ile alistahili. Tunasema na sisi tuwepo."

Wote tukamgeukia Mzee Chilongola. Ningeweza kuwaambia kwamba alikasirika, na simulizi ingenoga, lakini haikuwa hivyo. Alisema yeye aliitwa akaja, alidhani wanatafuta mtu wa kufungua mkutano, na kuhusu korona na kipande hajui lolote, yeye ni mkulima wa mtama. Afisa Kazi akauliza mkataba umetiwa saini na nani na nani. Shamba na chama cha wafanyakazi. "Basi," akasema, "kwenye mkataba huu chama ni kile kilichotia saini. Hata mkataba wa ndoa ukisema bwana, si kila bwana mtaani anahusika." Meneja alicheka kwanza, ndipo na sisi tukapata ruhusa ya kucheka. Kura ikafutwa, tukaambiwa tukae pamoja tuandae nyingine, na vibarua wa kutwa waingizwe, kwa kuwa jambo linawagusa.

Nirukie mbele kidogo, maana hapo kwenye neno kushiriki kuna jambo ambalo watu hulisahau. Miaka ya baadaye, mkonge ulipokosa bei, nilihamia hapa Mikumi kwenye kambi ya watengeneza barabara. Huko nako tukapiga kura, kuhusu siku ya mapumziko. Kundi moja lilikuwa linafanya kazi mbali, ndani kule wanyama waliko, na saa ya kufunga sanduku ilipofika lori lao lilikuwa halijaonekana. Nyapara akataka kufunga. Nikasema mimi ni mwakilishi wa chama, naomba tungoje tujue kwanza kilichowapata. Tukangoja huku nyapara akinuna. Lori likaja likiwa limejaa watu wenye hasira: tembo walikuwa wamesimama katikati ya barabara, na dereva akaona si vizuri kuwaharakisha. Nyapara akauliza kama tembo nao wana chama. Tangu siku hiyo kila nikimkuta aliniuliza hali ya wanachama wangu wenye masikio makubwa. Lakini lile kundi lilipiga kura. Kushiriki mara nyingine ni kumwambia mtu mwenye haraka angoje kidogo, halafu kuvumilia utani wake.

Turudi Kilosa. Maandalizi ya kura ya pili yalinifunza kwamba hakuna alama isiyosema neno. Picha tulizikataa wote, meneja akiwa wa kwanza. Mimi nikapendekeza punje: hindi kwa kipande, kunde kwa saa. Mzee Kibwana akasema hindi linanuka shamba, tutakuwa tumemwonyesha mtu njia. Meneja akapendekeza karatasi nyeupe na karatasi ya kaki. Bi Zainabu, ambaye sasa alikuwa anakaa nasi kwa niaba ya kina mama, akasema nyeupe ni sanda na kaki ni kaptula ya nyapara, atakayechagua kati ya hizo amelaaniwa. Mtu akasema basi sanduku la kulia na la kushoto. Waislamu wakaguna, nani ataweka jambo jema kwa mkono wa kushoto.

Nje singa zilikuwa zinapepea kwenye nyaya, na sikumbuki nani aliyezitazama kwanza. Kila mtu shambani, mwanamume kwa mwanamke, alijua kufunga singa. Tukakubaliana: kila mpiga kura atapewa singa moja, ataingia nyuma ya mkeka peke yake. Akitaka kipande afunge fundo moja. Akitaka saa afunge mafundo mawili. Kisha atatumbukiza singa yake kwenye debe. Huhitaji kusoma, huhitaji wino, na fundo alilofunga mtu kwa mkono wake haligeuki jingine debeni.

Kazi ya chama ikaanza hapo. Tuligawana. Mimi nilipewa wakataji, walionichukia. Nilisimama kando ya reli ya troli nikaeleza pande zote mbili, hoja ya meneja na hoja ya jaruba, na nikajilazimisha kutoonyesha nilipo mimi. Hili ni gumu kuliko mnavyodhani. Mdomo una upande wake hata ukiufunga. Tulifundisha mafundo mpaka watoto wakayafanya mchezo. Yule mwenye wake wawili aliuliza kama mafundo mawili ni saa mbili. Tulimweleza mara nyingi, kwa upole, kwamba hakuna saa atakayopewa.

Siku yenyewe debe liliwekwa ndani ya ghala la marobota ya singa. Kabla ya kuanza tulilipindua mbele ya watu, Mzee Kibwana akaligonga kwa kijiti lilie tupu. Mlangoni alikaa mtu wa ofisi na mtu wa chama, mmoja akitaja jina, mwingine akitoa singa. Mzee Chilongola naye alikuja, safari hii kama mgeni, akaketi nyuma, na soda akapata. Kina mama walikuja na khanga zao nzuri kana kwamba ni Idi. Bi Zainabu alikaa nyuma ya mkeka muda mrefu mpaka mtu akamuuliza kama anasuka ukili.

Tulihesabu mchana kweupe, milango ya ghala imefunguliwa. Mtu wa ofisi alichukua singa, akaipitisha kwenye vidole, akataja fundo moja au mawili, akampa mtu wa chama aipitishe naye, kisha ikawekwa kwenye fungu lake. Chache zilikuwa na mafundo matatu. Wakataji wakasema tatu ni karibu na mbili, hiyo ni njama ya watu wa saa, itupwe. Kina mama wakasema mtu amekazia tu. Tulikuwa tumekubaliana mapema kwamba isiyo moja wala mbili haihesabiwi, kwa hiyo zikawekwa kando na kelele zikaisha. Hilo nawasihi: mambo ya kugombaniwa yaamuliwe kabla debe halijafunguliwa, maana likishafunguliwa kila mtu anakuwa mwanasheria wa upande wake.

Mafungu mawili yalikua pamoja kama mapacha. Mwisho yalitofautiana kwa kiasi ambacho ungeweza kukishika kwenye kiganja. Mafundo mawili yalizidi. Saa ilikuwa imeshinda.

Wakataji hawakuimba. Waliinuka, na nikasikia manung'uniko ambayo karani yeyote wa mkonge anayafahamu, ya watu wanaotaka kuweka visu chini kesho yake. Mmoja alipaza sauti kwamba chama kimewauza. Wote walimtazama Pius, kwa sababu alikuwa hodari wao na kila mtu alijua habari za jaruba. Mimi nilitazama chini.

Pius alikwenda mpaka kwenye lile fungu la mafundo mawili. Akachukua singa moja akaipitisha kwenye vidole, akaiweka. Akachukua nyingine. Hakuna aliyemzuia. Kisha akawageukia wenzake.

"Ile ya kwanza nilishinda na sikujua nimeshindaje," akasema. "Hii nimeshindwa naiona. Mimi kesho saa moja nipo."

Akatoka. Kesho yake saa moja alikuwepo, na waliotaka kuweka visu chini walivishika. Kwangu hakusema kitu siku ile wala iliyofuata. Siku moja alipiga ukuta kwa ngumi kuniuliza kama nina chumvi, nikajua tumerudi.

Mpunga wa msimu ule alijaribu kuulima siku za mapumziko, magugu yakamshinda. Mkiniuliza kama tulifanya vyema kuidai kura ile, nitawajibu kwamba bado najiuliza, na Pius sikuwahi kumuuliza. Haki ya chama kuwapo haikumpa Pius alichotaka. Ilimpa kujua kwamba hakudanganywa, na kwa mwingine hilo ni dogo sana.

Lililobaki nililiona mwenyewe, kwa kuwa nilikuwa uwanja wa kuanikia nikipokea hesabu za singa. Saa tisa ilikuwa imelia na kina mama walikuwa wanajifunga khanga waende zao, jua bado liko juu. Pius akaja na jembe begani, akamwamkia Bi Zainabu, shikamoo. Akaitikia marahaba, kwa tahadhari.

"Mama, wewe unaporudi nyumbani Masanze unapita ubavuni mwa jaruba langu," akasema. "Mimi nikifika pale inabidi nigeuke nirudi kambini kabla ya giza, wewe ukifika umefika kwenu na jua bado lipo. Lilime, lisilale."

Bi Zainabu aliiacha khanga yake bila kuifunga. Akauliza, "Na ukilihitaji?"

"Nitakuja kuliomba. Kuomba ardhi Masanze nimezoea."

Akamwachia jembe palepale chini ya nyaya, akarudi kambini mikono mitupu.